Alikufa Ijumaa, Jumamosi Akaitika

Rafiki yangu alikufa Ijumaa saa kumi jioni, kwenye benchi la mapokezi ya hospitali.

Jumamosi saa tatu asubuhi jina lake likasomwa ukumbini, na akaitika.

Wasichana sabini na kitu walisikia. Tiki yake iliwekwa kwenye daftari, wino wa bluu, na kama mchwa hawajalifikia basi ipo mpaka leo.

Sasa kabla hamjaanza kunitumia aya za kufukuza mapepo kwenye komenti, tulieni. Hakuna mzimu kwenye kisa hiki. Aliyeitika ni mimi.

Nina miaka thelathini na saba. Jambo hili nimelibeba miaka ishirini na mbili. Hata mume wangu nimemwambia mwezi uliopita tu. Akainuka, akaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa safi.

Kwa hiyo ngoja niwapeleke taratibu, maana hata mimi nikikimbia hapa nitajikwaa.

Kanisani kwetu kulikuwa na kikosi cha wasichana. Sare ya bluu, tai nyeupe, soksi za magotini, kofia imelala upande.

Halikuwa jambo la kanisa letu peke yake. Kikosi kile kipo nchi nyingi, kina makao makuu huko mbali, na kila msichana popote alipo anakula kiapo kilekile na kuvaa beji ileile. Sisi tulikuwa watoto wa vyumba vya kupanga. Kujua kwamba upande wa pili wa dunia kuna mwenzako anavuta soksi zinazoteremka kama zako, jamani, ilikuwa raha.

Tulikutana kila Jumamosi. Kwata, neno la Mungu, huduma ya kwanza, nyimbo, kushona vifungo.

Kapteni wetu alikuwa fundi cherehani, na sare zote alishona yeye. Mwanamke mrefu, maneno machache, miwani ya kusomea imening'inia puani. Ukimletea ujanja alikuangalia juu ya ile miwani, unajikuta umekiri mpaka kosa la mwaka juzi.

Msaidizi wake tulimwita Luteni. Huyo alikuwa nesi wa zahanati, mpole, mfuko wake wa sare haukosi bandeji.

Sasa sikilizeni hapa, maana kisa chote kimesimama hapa.

Kuitwa majina kwetu hakukuwa kama shuleni. Kulikuwa ndani ya sala. Tunainamisha vichwa, tunafumba macho, Kapteni anasoma jina, na wewe unajibu "Mimi hapa," kama yule mtoto Samweli alivyoitika hekaluni. Kapteni alisema hatumwitikii yeye, tunamwitikia Mungu. Mwenye macho wazi ukumbini alikuwa yeye peke yake, na macho yake yalikuwa kwenye daftari.

Ukimaliza mwaka bila kukosa hata Jumamosi moja, unapewa nishani ya mahudhurio. Na wenye nishani ndio waliofikiriwa kwenda kambi ya kimataifa, kule wanakokutana wasichana wa nchi zote. Ukikosa moja, unaanza upya, hata kama uliumwa.

"Ugonjwa tutauombea," Kapteni alikuwa akisema, "ila tiki hupati."

Lakini alikuwa na sheria nyingine, ambayo wazazi waliipenda kuliko nishani. Ukikosa Jumamosi mbili mfululizo, jioni ya ile ya pili yeye na Luteni wanakuja kwenu. Hawatumi mtu. Wanakuja na sare zao, wanapewa viti, wanauliza mtoto yuko wapi na ana nini. Kuna mmoja walimkuta mguu umeoza kwa msumari, Kapteni akambeba mgongoni mpaka zahanati.

Jumamosi mbili, tunakuja. Kila msichana aliijua hiyo.

Rafiki yangu tulimwita Nukta kwa sababu ya udogo wake. Alikuwa na miaka kumi na minne, ukimwona utasema kumi. Mimi nilikuwa namzidi mwaka mmoja, na waliniita Redio. Sina haja ya kueleza kwa nini.

Nilikuwa naongea, na zaidi ya kuongea nilikuwa naigiza. Mchungaji, mwalimu wa hesabu, mama mwenye nyumba akidai tuzime taa, wote nilikuwa nao kooni. Sauti ya Nukta ilikuwa rahisi kupita zote. Nyembamba, inapita puani kidogo, halafu inashuka mwishoni kama mtu anayeomba radhi.

Nukta aliishi na mama yake, wawili tu, baba alishatangulia. Mama alikuwa dobi. Chumba chao cha mbele kilikuwa cha nguo za watu, chumba cha nyuma cha kulala, na Nukta ndiye aliyekuwa akipeleka nguo zilizonyooshwa majumbani, amezibeba kwenye mikono miwili kama mtoto mchanga.

Alikuwa anaitaka ile kambi. Alikuwa na daftari la salamu. Amejifunza kusema "umeamkaje" kwa lugha nne ambazo hajawahi kusikia mtu akizizungumza, na mimi nikimwambia labda unawatukana, anacheka mpaka anakaa chini.

Zilibaki Jumamosi sita amalize mwaka.

Kiu ndiyo ilianza. Katikati ya kwata Nukta anaomba ruhusa akanywe maji. Anarudi, dakika mbili, anaomba tena. Halafu anaomba kwenda chooni. Tukawa tunamtania.

"Nukta, umemeza chumvi ya jirani?"

Anacheka, anafuta mdomo, anarudi bombani. Sketi yake Kapteni alishaipunguza mara moja mwezi ule, na ikaanza kumzunguka tena. Hakuna aliyewaza kitu. Tulijua anakua.

Kisha Jumamosi moja hakuja.

Siku iliyotangulia nilikuwa nimepita kwao. Nilimkuta amelala, midomo imekauka, ndoo ya maji kando ya kitanda.

"Unaumwa nini?"

"Nimechoka tu," akasema. "Mama anasema ni homa ya matumbo. Amenunua dawa dukani."

"Kesho utakuja?"

"Nitajaribu."

Nilirudi nyumbani nikamwambia mama yangu. Mama akaweka mwiko chini. "Homa ya matumbo inaambukiza. Usiende tena huko mpaka apone, unanisikia? Nina wadogo zako humu ndani."

Nikatii. Nawaambia ukweli, nilitii kwa urahisi sana.

Jumamosi tukapanga safu. Nafasi ya Nukta ilikuwa pembeni yangu, nikasogea kidogo, pengo likapotea. Tukainama, tukafumba macho. Kapteni akaanza kusoma.

Nilikuwa sijapanga. Naapa. Jina lake lilipokaribia nikawaza Jumamosi zote zile, na lugha nne, na kwamba sasa anaanza sifuri kwa sababu ya homa. Jina likasomwa.

"Mimi hapa," nikasema, kwa sauti yake.

Kimya kidogo, kama cha kuvuta pumzi. Kisha nikasikia kalamu. Kisha jina langu.

"Mimi hapa," nikasema, kwa sauti yangu.

Basi. Imeisha hiyo. Nilijisikia shujaa, msinicheke. Niliona nimemfanyia rafiki yangu jambo ambalo dada wa tumbo moja asingemfanyia. Nikaamua sitamwambia. Nitasubiri siku ya nishani, asikie jina lake linatangazwa, nione uso wake.

Jumamosi ya pili nikaitika tena. Ikawa nyepesi.

Ile sheria ya kutembelewa haikunipita akilini hata kidogo. Mnaweza kuamini au msiamini. Nilikuwa nalinda tiki. Sikuona kwamba kila tiki ninayoilinda inawazuia wale wawili kwenda kugonga mlango wake.

Jumamosi ya tatu nikaitika.

Ya nne nikaitika, naye alikuwa amelala chumba cha maiti tangu jana yake.

Tulikuwa kwenye kwata, kushoto kulia, mama yake alipotokea mlangoni.

Alivaa kiatu cha kahawia na kiatu cheusi. Hakulia. Alisimama tu mpaka Kapteni akapuliza filimbi tukasimama.

"Mlikuwa wapi?" akauliza.

Luteni akamsogelea. "Mama, karibu. Kuna nini?"

"Nyinyi si mnasema Jumamosi mbili mnakuja? Mtoto wangu amekosa ya kwanza, amekosa ya pili, amekosa ya tatu. Mlikuwa wapi?"

Luteni akachanganyikiwa. Akaenda mezani, akachukua daftari, akapitisha kidole. "Lakini mama, hapa inaonyesha alikuwepo. Jumamosi zote. Hata leo ameitika, nimemsikia mwenyewe."

"Leo?" Mama Nukta akamtazama kama mtu aliyesemeshwa lugha ya kigeni. "Natoka kumwacha hospitali. Amekufa jana."

Kapteni alikaa kwenye benchi taratibu, akavua miwani, akaishika mapajani. Nilidhani ni mshtuko.

Mimi nilikuwa nimesimama safuni, mikono imebana mapajani, macho mbele. Nilisubiri kufa. Sikufa. Nilisikia wenzangu wakianza kulia mmoja mmoja, na mimi nikalia pamoja nao, na kilio changu hakikuwa tofauti na chao kwa mtu wa nje.

Kilichomuua ni kisukari. Kile cha watoto, kinachokuja ghafla. Walimtoboa kidole pale benchini wakati hali imeshakuwa mbaya, sukari ikapita kipimo. Luteni alipoviweka pamoja kiu, kukonda na kwenda chooni, alijipiga kifuani.

"Ningemjua," akasema. "Ningemjua mlangoni, kabla sijapewa kiti."

Maneno hayo aliyasema msibani, hatua mbili kutoka nilipokaa.

Sasa mnajua binadamu. Wiki haikuisha, hadithi ikazaliwa: Nukta alikuja kuaga. Wasichana watatu wakaapa walihisi ubaridi. Mmoja akasema alisikia harufu ya sabuni ya kufulia. Mwingine, ambaye Jumamosi ile hakuwepo kabisa, ndiye aliyekuwa na maelezo marefu kuliko wote.

Walinifuata mimi. "Redio, wewe ulikuwa pembeni yake. Ulihisi nini?"

Redio siku hiyo ilikuwa haina betri. Nilitikisa kichwa tu.

Wazee wa kanisa hawakuamini habari za ubaridi. Walikaa Jumatano, wakamwita Kapteni, wakatuita na sisi wa safu ya Nukta, tukasimama ukutani.

Mzee mmoja akauliza, "Mlimwona huyu mtoto Jumamosi hizi?"

Macho yakanigeukia mimi, kwa kuwa mimi ndiye rafiki.

"Tulikuwa tumefumba macho," nikasema.

Ni kweli tupu, na ni uongo mkubwa kuliko wote niliowahi kusema.

Mzee akamgeukia Kapteni. "Kwa hiyo ulikuwa unaweka tiki bila kuangalia watu?"

Nilimtazama. Nilijua sasa atasema kuna mtu aliitika. Alikuwa na haki ya kusema hivyo, watu sabini wangemshuhudia. Angesema tu, wangeanza kutafuta nani, na mimi nisingehimili dakika tano.

"Daftari ni langu," akasema. "Kalamu ni yangu. Tiki niliweka mimi."

Wakamwondoa. Alivua kofia, akaiweka mezani, filimbi juu yake, akatoka. Miaka kumi na sita ameongoza kikosi kile. Watu wakaacha kumpelekea nguo za kushona, wakawa wanasema yule ndiye aliyemwandika maiti. Mimi nilikuwa nikiona cherehani yake imefunikwa kitambaa mchana kweupe, nabadilisha njia.

Mwisho wa mwaka nishani ya mahudhurio nikavishwa mimi. Watu wakapiga makofi, mama yangu akapiga vigelegele.

Maisha hayasubiri mtu. Nikasoma, nikawa mwalimu, nikaolewa, nikazaa. Darasani siiti majina. Napita dawati kwa dawati, namtazama mtoto usoni, ndipo naandika. Wanafunzi wananiita Mwalimu Polisi. Nawaacha waniite.

Mwezi uliopita binti yangu, ana miaka kumi na miwili, akaniletea fomu. Anataka kujiunga na kikosi. Kilekile, kanisa la huku tulikohamia, sare ileile ya bluu.

"Mama, weka sahihi hapa. Wanasema wasichana wake wapo dunia nzima."

Nilishindwa kushika kalamu. Nikaenda chumbani, nikajifungia, na mume wangu aliponifuata nikamwambia yote. Ndiyo siku ya vile vyombo. Aliporudi kutoka jikoni aliuliza swali moja tu.

"Huyo Kapteni yuko hai?"

Yuko hai. Nilimkuta nyumba ileile, chumba kilekile. Macho yamefifia, sasa anapachika vifungo kwa kupapasa. Nilisimama mlangoni.

"Shikamoo Kapteni."

"Marahaba." Hakuinua uso. "Redio. Ingia, usisimame kwenye mwanga."

Miaka ishirini na mbili, na alinijua kwa neno moja. Nikakaa. Nilikuwa nimeandaa hotuba tangu safarini, yote ikayeyuka. Nikasema tu kama mtoto: "Kapteni, ni mimi niliyeitika. Ulifukuzwa kwa ajili yangu. Nilisimama pale ukutani nikakuacha ubebe kosa langu."

Akapapasa kifungo, akalipata tundu, akavuta uzi.

"Nilijua," akasema.

"Ulijua lini?"

"Jumamosi ya kwanza. Unaigiza vizuri, lakini ulikuwa unasahau kwamba sauti inatoka mahali. Nukta alikuwa anasimama kushoto kwako. Sauti yake siku ile ilitoka ulipo wewe."

"Nilisimamisha kalamu," akaendelea. "Nikawaza, mtoto yule atakuwa amekwama na nguo za mama yake, na hawa wanapendana, wacha. Nilitaka apate ile kambi kuliko nilivyotaka kitu chochote mwaka ule. Nikaweka tiki nikijua hayupo. Na ya pili nikaweka. Na ya tatu. Kila wiki najiambia baada ya kwata nitamwita Redio nimuulize, kisha naona aibu, maana na mimi nitakuwa nimekiri."

"Hukujua anaumwa?"

"Ningejua anaumwa ningekaa?" Hapo sauti yake ilipanda kidogo. "Wewe ulijua?"

"Nilijua anaumwa."

"Na mimi nilijua hayupo," akasema.

Mimi nilikuwa na nusu, yeye alikuwa na nusu, na tulikuwa tukisalimiana kila Jumamosi. Dakika moja tu ya kuulizana ingetosha, mtoto angekuwa mama wa watu leo.

"Kwa hiyo usiniombe msamaha wa kunifukuzisha," Kapteni akasema. "Adhabu ile ilikuwa yangu. Mama yake ndiye hajapata kitu kutoka kwetu. Nilimwendea mwaka ule, akanifungia mlango."

Nikamshika mkono, tukatoka. Anatembea polepole siku hizi, anagusa kuta. Nilimwongoza mpaka kwa dobi.

Mama Nukta alikuwa ananyoosha mashati. Amezeeka, lakini mkono ule wa pasi ni uleule. Alituona, akamtambua Kapteni, kisha mimi. Mlango ulikuwa wazi kwa ajili ya joto, hakuwa na cha kufunga.

"Semeni," akasema, pasi inaendelea.

Nikasema. Safari hii sikuruka kitu. Nikasema nilivyosogea kuziba pengo, nikasema nishani nilivishwa mimi. Kapteni akasema na yake. Pasi haikusimama, shati likaisha, akachukua jingine.

Tulipomaliza akanyoosha kola mpaka mwisho.

"Alikuwa anawangoja," akasema.

Pasi ikashuka kwenye mkono wa shati.

"Jumamosi ya kwanza aliniambia, mama, leo nimekosa moja, wiki ijayo nikikosa watakuja. Jumamosi ya pili akataka nimwogeshe. Nikamvalisha sare. Kofia na kila kitu. Akakaa kitandani ameegemea ukuta, kila mlango ukilia anajiweka sawa. Mpaka jioni. Akasema labda wamehesabu vibaya, wiki ijayo watakuja."

Akageuza shati upande wa pili.

"Siku ya Alhamisi, kabla ya ile ya tatu, nilitaka kumpeleka hospitali. Nilishamfunga kitenge. Akasema, mama, tutakaa foleni mchana kutwa na mimi siwezi kukaa. Keshokutwa Luteni anakuja, ni nesi, ataniangalia hapahapa. Na mimi nikaona ana akili. Nikamfungua kitenge."

Ndipo pasi ikasimama. Aliiweka wima kwenye kibao chake, akachomoa waya.

"Miaka yote hii mnadhani nilikuwa nawalaani nyinyi," akasema. "Nilikuwa namlaani mwanamke aliyefungua kile kitenge."

Kapteni alikuwa analia bila sauti, machozi yanapita chini ya miwani isiyomsaidia tena. Mimi nilipiga magoti. Sikujua la kufanya na mikono yangu.

Mama Nukta akanigeukia.

"Uliitika vipi?"

"Mama?"

"Si ulisema uliigiza sauti yake mpaka watu sabini wakaamini. Sina picha yake yenye sauti, simu za kurekodi hatukuwa nazo. Itika nisikie."

Nilifungua mdomo.

Wasomaji, mimi mpaka leo namwigiza mkuu wangu wa shule, naigiza watangazaji, naigiza mama mkwe hadi mume wangu anageuka nyuma kuangalia. Nilifungua mdomo nikaitafuta sauti ya Nukta, ile rahisi kupita zote, na haikuwepo. Ilitoka sauti ya mwanamke wa miaka thelathini na saba mwenye mafua ya kulia. Nikajaribu mara ya pili. Nikajaribu ya tatu.

"Imepotea, mama," nikasema. "Siipati."

Akashusha pumzi. Akaja akakaa chini, sakafuni, pembeni yangu.

"Basi," akasema. "Hata mimi siipati. Nilidhani labda unayo wewe."

Hakusema amenisamehe, na sikumuuliza. Tulilia sote watatu katikati ya mashati ya watu, mpaka mteja akaja kuchukua nguo zake, akatuona, akarudi nyuma.

Nimeandika haya kwa ruhusa yake. Nilimuuliza niwaambie nini watu, akasema waambie wewe unavyoona.

Mimi naona hivi. Kuna mtu hapo ulipo ambaye hajaonekana siku nyingi. Kazini, kanisani, kwenye grupu la familia. Wakiuliza, wewe ndiye unayemjibia: yuko poa, ana mambo mengi tu, atakuja. Unamlinda, na huna nia mbaya naye hata chembe. Mimi pia sikuwa nayo.

Usimjibie. Sema hayupo, na ukishasema, inuka uende kwake leo, kwa sababu inawezekana amekaa kitandani ameshavaa, anasikiliza mlango.